Chumba cha Mafeje

Jengo la Bremner, katika Chuo Kikuu cha Cape Town, si la kupigia picha. Ni ofisi za utawala: korido, makabati ya mafaili, vyumba vya vikao vyenye meza ndefu. Mgeni anayekuja kuutazama mlima hupanda ngazi pana za kampasi ya juu na kulipita bila kugeuza shingo. Lakini wanafunzi wamewahi kuingia humo mara mbili, wakatandika mablanketi sakafuni na kukataa kutoka, na kati ya mara ya kwanza na ya pili ilipita karibu miaka 47. Agosti 1968 walikuwa karibu wote Wazungu, wakidai mhadhiri mmoja mweusi aruhusiwe kufundisha. Machi 2015 wengi wao walikuwa weusi, wakidai sanamu ya Cecil Rhodes iondolewe. Wa 2015 walikuta chumba kimoja humo kimeshapewa jina la yule mhadhiri: Chumba cha Archie Mafeje.

Magazeti ya dunia yaliiandika sanamu, na si ajabu, kwa kuwa sanamu inapigika picha. Ila ukitaka kujua kwa nini vijana wa 2015 walikuwa na hasira ya kiasi kile, inakupasa uanze na mtu.

Archibald Monwabisi Mafeje alizaliwa 1936 vijijini, upande wa mashariki wa iliyokuwa Koloni la Cape. Alifika Cape Town kusoma sayansi ya viumbe, kisha akahamia anthropolojia chini ya Monica Wilson, mmoja wa wanaanthropolojia waliosifika sana Afrika Kusini. Wilson alitaka kuuandika mtaa wa Langa, makazi ya Waafrika nje kidogo ya jiji. Kijana wake ndiye aliyeingia kazini: akizunguka vibarazani na kwenye mabweni ya vibarua, akikaa na wapiga soga na washabiki wa raga, akiuliza kwa Kixhosa na kujibiwa kwa Kixhosa. Kitabu chao kilitoka 1963 kikiwa na majina yao mawili, la profesa Mzungu na la mwanafunzi mweusi, katika nchi ambamo wawili hao hawakuruhusiwa kukaa kwenye benchi moja la bustani.

Kufikia hapo mlango wa chuo ulikuwa umeshasukumwa nusu. Sheria ya 1959 iliwazuia wanafunzi weusi kuingia vyuo kama Cape Town na Witwatersrand bila kibali cha waziri, na kwa ajili yao vikafunguliwa vyuo vya makabila: Wazulu kwao, Wasotho na Wavenda kwao, Wahindi kwao, Machotara kwao. Cape Town ilipinga. Mwaka 1960 chuo kilifanya hafla ya kuzima mwenge wa uhuru wa taaluma, kuwaonyesha watu kilichopotea. T. B. Davie, makamu mkuu wa chuo aliyefariki 1955, alikuwa ameshaueleza uhuru huo kwa mambo manne: chuo chenyewe kiamue nani afundishe, kitu gani kifundishwe, kifundishweje, na afundishwe nani. Tangu 1959 upo mhadhara wa kila mwaka wa kumkumbuka.

Ni maneno mazuri, na waliokuwa wakiyatamka waliyaamini. Lakini hata kabla ya 1959 mwanafunzi mweusi aliruhusiwa darasani tu. Dansi za chuo, timu za michezo na mabweni havikuwa vyake.

Mwaka 1968 Mafeje alikuwa Cambridge, akimalizia shahada ya uzamivu baada ya utafiti wa vijijini Uganda. Cape Town ilitangaza nafasi ya mhadhiri mwandamizi wa anthropolojia, naye akaomba. Wasomi waliokaa kumchagua walimpa kwa kauli moja. Ndipo serikali ikaingia. Waziri Jan de Klerk, baba yake F. W. de Klerk aliyekuja kuwa rais, alikionya chuo kwamba kama hakitabatilisha uteuzi huo, yeye atachukua hatua. Baraza la Chuo likapiga kura, likabatilisha.

Jambo hili lastahili kutazamwa kwa utulivu, kwa sababu ndilo kiini cha kisa chote. Hakukuwa na sheria iliyokataza mtu mweusi kufundisha Cape Town. A. C. Jordan, mwandishi wa riwaya ya Kixhosa, alifundisha hapo lugha za Kiafrika tangu miaka ya 1940 hadi alipolazimika kuikimbia nchi 1961. Kilichokuja safari hii kilikuwa kitisho, na Baraza liliinama kabla ya fimbo kushuka.

Agosti hiyo wanafunzi walikutana kwenye ukumbi mkuu, na baada ya mkutano mamia yao, wapata 600, wakateremka hadi Bremner na kuketi. Walikaa siku tisa. Mchana walifundishana wenyewe kwa wenyewe: siasa, falsafa, vitabu ambavyo havikuwamo kwenye mihtasari yao. Usiku walilala kwenye korido. Vijana wa vyuo vingine waliounga mkono serikali walikuja kuwatishia. Mwishoni walitoka mikono mitupu. Chuo kilitundika kibao maktabani kueleza kwamba serikali imekinyang'anya haki ya kuajiri wahadhiri kwa hiari yake. Kura ya Baraza lenyewe kibao hakikuitaja.

Mafeje alikwenda wapi? Wasomaji wa Afrika Mashariki wana haki ya kulijua jibu, maana ni sehemu ya historia yao pia. Alikwenda Dar es Salaam. Mwaka 1969 alishika uongozi wa Idara ya Sosholojia pale Mlimani, yaani Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, mwaka uleule mwanahistoria Walter Rodney aliporudi kufundisha historia baada ya kupigwa marufuku Jamaika. Mlimani ya siku hizo ilikuwa imetoka kwenye misukosuko yake yenyewe. Oktoba 1966 wanafunzi waliandamana kupinga masharti ya Jeshi la Kujenga Taifa, na Mwalimu Nyerere akawarudisha makwao karibu 400. Lilipokuja Azimio la Arusha, Februari 1967, ugomvi ukahamia kwenye masomo yenyewe: nani anafundisha uchumi wa nani, na historia ya Afrika inaanzia wapi. Vijana kutoka Uganda, Kenya, Malawi na Sudan walikesha wakibishana, wakachapa jarida lao la *Cheche* hadi serikali ilipolifungia 1970. Yale maswali manne ya Davie, ambayo Cape Town iliyasoma mbele ya mwenge uliozimwa, Dar es Salaam yalikuwa yakipiganiwa kila wiki katika mikutano ya idara, tena na wanafunzi waliokuwa na sauti.

Wakati wake wa Dar es Salaam ndipo ilipochapwa makala yake iliyojulikana kuliko zote, ya 1971, kuhusu itikadi ya ukabila. Alisema kwamba mengi ya hayo yaitwayo makabila yalikorogwa na akili za watawala na wanaanthropolojia wao, na kwamba katika lugha za kwao Afrika Kusini neno lenye maana hiyo halipo. Msemaji wa Kiswahili akilisoma dai hilo hana budi kusita kidogo, kwani neno letu lenyewe, kabila, lilikuja na Kiarabu. Mwaka huohuo Mafeje alipata ajali mbaya ya gari iliyomwachia majeraha makubwa, akaondoka Tanzania. Kutoka hapo maisha yake yakawa ya kuhamahama: The Hague, Cairo alikooa na kufundisha miaka mingi, Namibia. Kila mahali alisifiwa kuwa miongoni mwa wanasayansi ya jamii wakubwa wa bara hili. Nyumbani hakuitwa.

Kisha Mandela akatoka gerezani, na hapa ndipo habari inapouma zaidi. Mwanzoni mwa miaka ya 1990 Cape Town ilimwandikia Mafeje, ambaye tayari alikuwa profesa wa siku nyingi, ikampa nafasi ya mhadhiri mwandamizi kwa mwaka mmoja, yaani cheo kilekile alichonyimwa miaka zaidi ya 20 iliyotangulia. Aliona ni kudharauliwa. Baadaye chuo kikaanzisha uprofesa wa taaluma za Afrika, kikaupa jina la A. C. Jordan, yule aliyekimbia. Mafeje aliomba. Hakuitwa hata kwenye usaili. Mwaka 1968 kulikuwa na waziri wa kulaumiwa. Mwaka 1993 waziri hakuwapo. Walikuwapo maprofesa, na meza, na barua ya maombi. Kunyimwa kwa pili kulikuwa kuzito kuliko kwa kwanza.

Aliyepewa nafasi hiyo 1996 alikuwa Mahmood Mamdani, Mganda wa asili ya Kihindi, ambaye naye aliwahi kufundisha Dar es Salaam katika miaka ya 1970. Aliombwa aandae kozi ya mwanzo kuhusu Afrika kwa wanafunzi wa mwaka wa kwanza. Aliweka humo wasomi wa Kiafrika na mijadala yao, kuanzia Misri ya kale hadi baada ya uhuru. Wenzake waliona hayafai, wakamsimamisha asiifundishe, wakaweka mtaala wao. Mamdani alipeleka ugomvi mbele ya umma, akauliza waziwazi kama taaluma za Afrika chuoni hapo zinageuzwa kuwa makazi mapya ya elimu ya Kibantu, ile iliyotungwa na makaburu kuwafundisha weusi kidogo. Mwaka 1999 alihamia New York.

Mafeje alifariki Pretoria Machi 2007. Chuo kilikuwa kimejaribu kumwomba radhi na kumpa shahada ya heshima wakati wa uhai wake; hakujibu. Mwaka 2008 radhi ilitolewa kwa familia, shahada ikatolewa kwa marehemu, na chumba cha vikao cha Bremner kikapewa jina lake.

Wakati wote huo Rhodes alikuwa ameketi. Sanamu ya shaba iliyochongwa na Marion Walgate na kuzinduliwa 1934 ilimwonyesha kwenye kiti, kidevu kimeegemea mkono, macho yakipita juu ya viwanja vya raga kuelekea tambarare za Cape, huko walikosukumiwa Waafrika na Machotara. Ardhi ya chuo ilikuwa yake. Aliiachia taifa kwa wosia alipokufa 1902. Akiwa waziri mkuu wa Koloni la Cape, 1890 hadi 1896, alipandisha kiwango cha mali kilichompa mtu haki ya kupiga kura, na Waafrika wengi wakaanguka kutoka kwenye orodha. Sheria yake ya Glen Grey ya 1894 iliwabana Waafrika kwenye vishamba na kuwatoza kodi ili watoke kwenda kutafuta vibarua. Ndoto yake ya laini moja ya mawasiliano toka Cape hadi Cairo ilimfikisha Berlin 1899 kuzungumza na Kaiser, apewe njia ya kupitisha nyaya za simu katika Afrika Mashariki ya Kijerumani, Tanganyika ya baadaye. Wa kwanza kuisema vibaya sanamu yake hawakuwa Waafrika: miaka ya 1950 wanafunzi Makaburu walitaka iondoke, kwa uchungu wa uvamizi wa Jameson, rafiki wa Rhodes, dhidi ya Transvaal na vita vilivyofuata.

Tarehe 9 Machi 2015 Chumani Maxwele, mwanafunzi wa sayansi ya siasa, alifika na kofia ngumu ya fundi ya rangi ya waridi, filimbi mdomoni, ngoma, na choo cha kubebeka alichokitoa kando ya njia katika mtaa wa Khayelitsha. Akammwagia Rhodes kinyesi. Waliochukia waliona ni ufidhuli. Watu wa Khayelitsha walielewa upesi, kwa kuwa hivyo ndivyo vyoo ambavyo manispaa ya jiji tajiri iliwapa miaka 20 baada ya uhuru, na vilikwisha kumwagwa mahali pa fahari katika maandamano ya miaka ya nyuma. Kijana alichokifanya ni kuileta harufu ya mtaa mahali ambapo mtaa hautazamwi ila kwa mbali, kutoka kwenye kiti cha shaba.

Ndani ya siku chache mamia walikuwa wakikutana ngazini. Walizungumza juu ya sanamu kwa dakika tano na juu ya mengine kwa saa tano. Walihesabu maprofesa: kati ya maprofesa kamili zaidi ya 200, Waafrika weusi wa nchi hiyo walikuwa wa kuhesabu kwa vidole vya mkono mmoja, na mwanamke kati yao hakuwapo. Walisimulia walivyoingia kwenye madarasa ambamo Kiingereza cha mama zao kilichekwa. Tarehe 20 Machi wakaingia Bremner. Wakaibadilisha jina wakaiita Azania House. Wakafundishana mchana, wakalala korido usiku, kama waliowatangulia, ila safari hii wakisoma Fanon na Biko, na wakimtaja Mafeje kwa jina.

Azania ni neno la kuvutia kwa mtu wa pwani yetu. Kitabu cha safari za baharini cha Kigiriki cha karne ya kwanza kinaliita hivyo eneo letu, pwani ya Afrika Mashariki, mpaka soko la Rhapta. Wapigania uhuru wa Afrika Kusini walilichukua wakaipa nchi yao, wakitaka jina lisilotokana na mkoloni. Kwa hiyo jina lililobandikwa kwenye mlango wa Bremner lilikuwa limesafiri kutoka huku kwetu, sawa na Mafeje alivyosafiri kuja.

Seneti ilikutana 27 Machi: kura 181 za kuiondoa sanamu, moja ya kupinga, tatu zisizo upande. Baraza likaafiki 8 Aprili. Kesho yake jioni kreni iliinyanyua. Watu walijaa hadi juu ya ngazi. Wengine waliirushia rangi, wengine waliipiga kwa mikanda ilipokuwa ikifungwa kwenye lori. Nyuma yao, juu ya jukwaa dogo, alisimama msanii Sethembile Msezane, uso umefunikwa kwa shanga, mikononi amefungwa mabawa yaliyotengenezwa kwa nywele. Alikuwa Chapungu, ndege wa Zimbabwe Kuu, ambaye sanamu zake za mawe zilichukuliwa na wakoloni na mojawapo ikabaki katika nyumba ya Rhodes, mwendo mfupi kutoka hapo. Alisimama karibu saa nne kwenye viatu vya kisigino kirefu, akiinua mabawa na kuyashusha. Picha maarufu ya siku ile inaonyesha mabawa yale yameinuka wakati huohuo Rhodes ananing'inia.

Baada ya hapo mambo yalikwenda kasi, mengine vizuri na mengine vibaya. Oktoba 2015 Chuo Kikuu cha Witwatersrand kilipotangaza kupandisha ada kwa asilimia 10.5, mgomo ulienea nchi nzima, na 23 Oktoba Rais Zuma akatangaza kwamba ada za 2016 hazitapanda hata senti. Wafagiaji, wapishi na walinzi wa Cape Town, ambao chuo kiliwakabidhi kwa makampuni ya nje tangu 1999, walirudishwa kuwa waajiriwa wa chuo katikati ya 2016. Ushindi huu uliandikwa kidogo sana kuliko ule wa sanamu, nao ndio uliobadili mshahara wa mama anayeamka saa kumi usiku kupanda daladala ya Khayelitsha. Wanafunzi walitambua mapema kwamba huyo mama ni mama yao, na hilo ni la kuheshimiwa.

Februari 2016 walijenga kibanda cha mabati karibu na ngazi kuu, kupinga uhaba wa vyumba vya kulala. Chuo kilipokibomoa, kundi moja lilitoa picha za ukutani likazichoma, zaidi ya 20. Miongoni mwake zilikuwamo kazi za Keresemose Richard Baholo, mweusi wa kwanza kupata shahada ya uzamili ya sanaa chuoni hapo, ambaye alikuwa amechora mapambano ya wanafunzi dhidi ya ubaguzi. Hili lilikuwa kosa, na wapo waliokuwa ndani ya harakati waliolisema hivyo. Mwezi uliofuata, katika maonyesho ya picha ya kuadhimisha mwaka mmoja wa harakati, kikundi cha wanafunzi waliobadili jinsia kilizuia milango kwa miili yao na kupaka rangi nyekundu kwenye picha. Walilala Azania House pamoja na wengine, walisema, kisha historia ikaanza kuandikwa bila wao.

Ukumbi mkuu uliokuwa na jina la Jameson, rafiki wa Rhodes aliyeongoza ule uvamizi wa Transvaal, ulipewa jina la Sarah Baartman Desemba 2018, Mkhoikhoi aliyeonyeshwa London na Paris kama mnyama na ambaye mifupa yake haikurudi nyumbani hadi 2002. Oxford, kwenye Chuo cha Oriel, Rhodes mwingine wa jiwe yuko juu ya mlango hadi leo; baada ya kampeni ya 2016 na nyingine ya 2020, chuo kilitangaza 2021 kwamba hakitamshusha.

Agosti 2017 Mahmood Mamdani alirudi Cape Town, miaka 18 baada ya kuondoka. Alialikwa kutoa mhadhara wa kumkumbuka T. B. Davie, yule wa maswali manne, na mada yake ilikuwa jinsi ya kukitoa chuo kikuu mikononi mwa ukoloni wakati mkoloni ameshaondoka. Alizungumzia vyuo viwili anavyovijua kwa ndani, Makerere na Dar es Salaam, na mabishano yaliyovijenga. Ngazini, pale alipokuwa ameketi Rhodes, palibaki msingi mtupu uliofunikwa kwa mbao, na kwenye vipandio chini yake mtu asiyejulikana alikuwa amepaka kwa rangi nyeusi kivuli cha sanamu ambayo haipo.